Chakula kisichoenea: kosa la mabano ni kosa la lugha

Kila mara matokeo ya mitihani ya kitaifa yanapotangazwa, lalama kuhusu somo la hesabu huzuka upya. Wazazi huwalaumu walimu, walimu huwalaumu wanafunzi, nao wanafunzi huishia kujilaumu wenyewe wakidai kwamba hawakujaliwa kichwa cha hesabu. Makala haya hayakusudii kuongeza sauti nyingine katika kilio hicho. Yanakusudia kulishika kosa moja tu, dogo, linalojulikana na kila mwalimu aliyewahi kusahihisha madaftari ya aljebra, na kulichunguza lilikotoka.

Kosa lenyewe ni hili. Mwanafunzi hupewa 3(x + 5) na kuambiwa afungue mabano. Huandika 3x + 5, akapiga mstari chini ya jibu kwa furaha, akaendelea na swali la pili. Jibu sahihi ni 3x + 15. Tatu ilimfikia x, kisha ikachoka njiani. Tano akaachwa vivi hivi, kama mgeni aliyeketi mwisho wa jamvi ambaye sinia halikumfikia.

Mimi ni mwanaisimu, si mwanahisabati, na msomaji ana haki ya kuuliza mtu wa nomino na vitenzi anatafuta nini ndani ya mabano. Jibu langu ni kwamba kosa hili ni la lugha kabla ya kuwa la hesabu. Isitoshe, dawa yake imo tayari kinywani mwa mtoto yule yule anayelifanya. Tatizo ni kwamba shule haijamruhusu aifungue midomo yake na kuitumia.

Tuuchukue mji wa Madogo uwe mfano wetu. Madogo imo katika Kaunti ya Tana River, kwenye barabara kuu itokayo Nairobi kupitia Mwingi. Ukilivuka daraja la Mto Tana tu, umeingia Garissa. Kabla ya serikali za kaunti kuanza kazi mwaka 2013, daraja hilo lilikuwa mpaka wa mikoa miwili: huku Pwani, kule Kaskazini Mashariki. Watu, mbuzi na ndizi hawakuwahi kuujali mpaka huo, kwani soko la mifugo la Garissa ni miongoni mwa masoko makubwa ya aina yake katika Afrika Mashariki, na mashamba yaliyo kandokando ya mto hulisha pande zote mbili.

Kwa mwanaisimu, Madogo ni hazina. Wailwana, ambao wengine huwaita Wamalakote, husema lugha ya Kibantu iliyochota mengi kutoka Kiorma kwa sababu ya ujirani wa miaka mingi. Wamunyoyaya, ambao nao ni wakulima wa ukingoni mwa mto, husema lugha iliyo jamaa ya Kiorma. Waorma wenyewe wapo na mifugo yao, Wasomali wapo, na ukiufuata mto kuteremka kuelekea Hola na Garsen unakutana na Wapokomo. Kiswahili ndicho kiungo cha sokoni. Kiarabu husikika chuoni watoto wanaposoma Kurani. Kiingereza ni lugha ya ubao. Kwa hiyo mtoto wa Madogo huamka kwa lugha moja, akanunua sukari kwa ya pili, akasoma chuoni kwa ya tatu, na kufanya hesabu kwa ya nne. Kabla hatujasema kwamba mtoto huyu hana akili ya aljebra, yatupasa kwanza tustaajabie akili aliyo nayo.

Sasa mwendee mfanyabiashara yeyote wa mifugo katika eneo hilo, hata ambaye hakupita darasa la nne. Mwambie kwamba unataka mbuzi sita, na kwamba mmeafikiana shilingi 7,900 kwa kila mbuzi. Hatachukua karatasi. Atasema: mbuzi sita kwa elfu nane nane ni 48,000, lakini tumepunguza mia mia, kwa hiyo toa 600, nipe 47,400. Amemaliza, naye amekwisha kukunja kidole akingoja pesa.

Bwana huyu amefanya nini? Ameivunja 7,900 kuwa 8,000 kutoa 100, kisha akazidisha sita kwa kila kipande: 6(8,000 − 100) = 48,000 − 600. Hiyo ndiyo kanuni nzima ambayo mwalimu ataiandika ubaoni kwa herufi: a(b + c) = ab + ac. Hakuna mfanyabiashara hata mmoja atakayetoa mia moja tu na kukudai 47,900. Akifanya hivyo utamshika shati, kwa kuwa punguzo la mia moja ni la kila mbuzi, wala si la mbuzi wa kwanza peke yake. Kosa linalojaa madaftarini halionekani sokoni. Basi limeingilia wapi?

Limeingilia sikioni. Soma 3(x + 5) kwa sauti: tatu mara x na tano. Je, tatu inakwenda na x peke yake, au na x pamoja na tano? Sikio haliwezi kuamua. Mabano huonekana kwa macho, lakini hayana sauti. Mtoto ambaye hesabu kwake ni maneno anayoyasikia, wala si picha anayoiona, husikia 'tatu mara x', akaitekeleza amri hiyo, kisha husikia 'na tano', akaiandika ilivyo. Ametii alichokisikia.

Utata wa namna hii si wa aljebra pekee. Mwalimu mkuu akitangaza kwamba walimu na wanafunzi wa kike wabaki baada ya gwaride, nusu ya walimu wa kiume watauliza kama wao pia wanahitajika. Neno 'wa kike' limewashika wanafunzi peke yao, au limewakumbatia walimu na wanafunzi pamoja? Katika isimu tunasema kwamba upeo wa neno hilo haujulikani. Mabano ya hesabu yalibuniwa ili kuuonyesha upeo: kila kilichomo ndani ni kundi moja, na anayelipa kundi chochote lazima awape wote. Mwanafunzi asiyefundishwa kuusikia upeo huyaona mabano kama mapambo.

Hapa ndipo Kiswahili kinapotupa msaada mkubwa ambao hatuutumii. Linganisha sentensi hizi mbili. Ya kwanza: Mwalimu aliwapa Halima na Jillo madaftari matatu. Ya pili: Mwalimu aliwapa Halima na Jillo madaftari matatu matatu. Mtoto wa miaka saba mwenye kukijua Kiswahili anafahamu kwamba katika sentensi ya kwanza mwalimu huenda alitoa madaftari matatu tu, na wawili hao watajua wenyewe watakavyogawana. Katika ya pili, madaftari ni sita bila mjadala. Kulirudia neno la idadi kumeifanya tatu imfikie kila mmoja.

Wanasarufi huuita urudiaji huu uradidi. Si pambo la lugha wala si utani. Ni kipashio cha sarufi chenye kazi maalumu, na moja ya kazi zake ni hiyo ya kufikisha idadi kwa kila mshiriki. Tunasema walipanga foleni wawili wawili, walilipwa mia tano tano, waliketi watatu watatu. Kiingereza hakina uradidi wa namna hii katika namba. Hulazimika kuongeza mwishoni mwa sentensi neno lenye maana ya 'kila mmoja', na mtoto asiyeizoea lugha hiyo hulipita neno hilo mbio asilione. Kwa maneno mengine, jambo ambalo Kiswahili hulipigia kelele mara mbili, Kiingereza hulinong'ona mara moja.

Basi 3(x + 5) isisomwe 'tatu mara x na tano'. Isomwe hivi: x na tano, wapewe tatu tatu. Mwanafunzi atakayeisikia sentensi hiyo hawezi kumsahau tano, kwani sarufi yenyewe haimruhusu. x amepata zake, ni 3x. Tano naye amepata zake, ni 15.

Kuna msomaji atakayepinga hapa, na pingamizi lake ni zito. Atasema kwamba Kiswahili nacho ni lugha ya kujifunza kwa mtoto wa Kiorma au wa Kisomali, hivyo nimemtoa katika ugeni mmoja na kumtia katika mwingine. Ningelikubali pingamizi hilo lau uradidi wa namba ungekuwa mali ya Kiswahili pekee. Lakini Msomali naye husema laba laba, yaani mbili mbili. Katika lugha za Kioromo, ambazo Kiorma ni mojawapo, mbili ni lama, na mbili mbili ni lama lama. Mtoto wa Madogo, kwa lugha yoyote ya nyumbani kwao, hafiki darasani mikono mitupu. Mwalimu anayeijua siri hii anaweza kumwomba kila mtoto aiseme kanuni kwa lugha ya mama yake, kisha darasa zima likakutana kwenye Kiswahili, na mwishowe likaiandika kwa Kiingereza cha mtihani.

Naam, tusonge mbele, kwa maana aljebra haiishii kwenye tatu na tano. Wenzetu wa Tanzania, ambao wamekuwa wakifundisha hesabu kwa Kiswahili katika shule za msingi tangu miaka ya sitini, wana neno moja zuri la kukumbusha mpangilio wa matendo: MAGAZIJUTO. Yaani mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa. Neno hili limewaokoa wengi, ila lina mtego wake. Linamwambia mtoto ashughulike kwanza na mabano. Katika 3(4 + 5) atajumlisha, apate 9, kisha azidishe, apate 27. Lakini katika 3(x + 5) atajumlisha nini na nini? x hajulikani ni ngapi. Mlango wa mabano umefungwa, nao ufunguo wa MAGAZIJUTO haufanyi kazi.

Hapo ndipo thamani ya kanuni yetu inapoonekana. Kanuni hii ni ruhusa ya kuwahudumia waliomo ndani ya nyumba bila kungoja wajitambulishe. Huhitaji kujua x ni nani ili umpe haki yake. Bila ruhusa hiyo aljebra yote ingesimama, kwani aljebra ni ufundi wa kufanya kazi na kitu ambacho bado hatujakijua.

Tuje kwenye shamba la ukingoni mwa mto. Tuseme shamba lina upana wa hatua 12, na urefu wake ni hatua y. Mto Tana, ambao ndio mrefu kuliko yote nchini Kenya, una tabia ya kuhama na kumega kingo zake. Masika moja umekula hatua tatu za urefu wa shamba. Eneo lililosalia ni 12(y − 3). Mwenye kufanya kosa letu ataandika 12y − 3, yaani ataamini kwamba mto umekula hatua tatu tu za mraba, mahali pa kuanika mkeka mmoja. Jibu la kweli ni 12y − 36. Hatua tatu zilizoliwa zimeliwa katika upana wote wa hatua kumi na mbili. Katika eneo ambalo mafuriko ya mwishoni mwa mwaka 2023 na yale ya mwaka 2024 yaliikata barabara kati ya Madogo na Garissa na kuwahamisha watu makwao, tofauti ya 3 na 36 si ya kuchezea. Mkulima anayedai fidia anahitaji kujua alichopoteza.

Sasa kizidishi chenyewe kiwe na herufi. Wanahisabati huuita usemi wa kipande kimoja, kama vile 2x, monomia, na usemi wa vipande viwili, kama vile x + 4, binomia. Zidisha 2x(x + 4). Utaratibu haubadiliki: x na nne, wapewe 2x 2x. 2x mara x ni 2x². 2x mara 4 ni 8x. Jibu ni 2x² + 8x. Mwanafunzi mwenye shaka asimsubiri mwalimu. Na amweke x kuwa 5. Upande wa kwanza ni 10 mara 9, yaani 90. Upande wa pili ni 50 kujumlisha 40, yaani 90. Aliyeandika 2x² + 4 atapata 54, na hapo ajue mwenyewe kwamba kuna mtu aliyenyimwa. Nalisisitiza zoezi hili la kujihakikishia kwa sababu, pale ambapo walimu ni haba na masomo hukatizwa na mafuriko, mwanafunzi huhitaji mizani ya kupimia kazi yake akiwa peke yake.

Mtego mwingine ni alama ya kutoa iliyo nje ya mabano. Mteja ana noti ya shilingi elfu moja. Bidhaa ni mia tatu, na muuzaji amempunguzia hamsini. Chenji yake ni 1,000 − (300 − 50). Anayefungua mabano kwa pupa huandika 1,000 − 300 − 50, akarudishiwa 650. Lakini bidhaa imekuwa 250, na chenji halali ni 750. Punguzo likiondolewa kwenye bei, hurudi mfukoni mwa mteja. Ndiyo maana 1,000 − 300 + 50. Kutoa kunamfikia kila aliyemo ndani: aliyekuwa akiongeza sasa anapunguza, na aliyekuwa akipunguza sasa anaongeza. Mteja aliyesahau kumfikia hamsini amepoteza shilingi mia moja mchana kweupe.

Hatimaye binomia kwa binomia: (x + 2)(x + 3). Hapa wanafunzi wengi huandika x² + 6 na kuweka kalamu chini. Wamezidisha wa kwanza kwa wa kwanza, wa mwisho kwa wa mwisho, wakaona adabu imetimia. Watu wa Madogo wanajua adabu zaidi ya hiyo. Jamaa wawili wa upande wa bwana harusi wakiingia kwenye nyumba yenye jamaa wawili wa upande wa bibi harusi, kila mgeni humpa mkono kila mwenyeji. Mikono inayopeanwa ni minne, si miwili. Mgeni akimsalimia mwenyeji mmoja na kumpita mwingine, kutakuwa na maneno. Basi x wa kwanza amsalimie x wa pili, wapate x². Amsalimie tatu, wapate 3x. Kisha mbili amsalimie x, wapate 2x. Amsalimie tatu, wapate 6. Kusanya: x² + 5x + 6. Jaribu kwa 10: 12 mara 13 ni 156, na 100 kujumlisha 50 kujumlisha 6 ni 156. Aliyeandika x² + 6 amepata 106. Hamsini nzima imepotea kwa salamu mbili zilizosahauliwa.

Msomaji asidhani kwamba kuieleza hesabu kwa maneno ni kuishusha hadhi. Historia inasema kinyume. Muhammad bin Musa al-Khwarizmi, aliyefanya kazi Baghdad katika karne ya 9, wakati wa utawala wa Khalifa al-Ma'mun, ndiye aliyeandika kitabu kilichoipa taaluma hii jina. Al-jabr ni kuunga kilichovunjika, na neno letu 'jabari' ni la mzizi huo huo wa Kiarabu. Kitabu chake hakina x wala mabano. Kimeandikwa kwa sentensi tupu kutoka mwanzo hadi mwisho. Kisichojulikana alikiita kitu. Mraba wa kisichojulikana aliuita mali, neno lile lile tunalolitumia leo kwa utajiri. Ndani yake mna sura ya kuzidisha, ambamo anaeleza jinsi ya kuzidisha kumi kutoa kitu kwa kumi, na mengine ya aina hiyo; na sehemu kubwa ya kitabu imetengewa hesabu za mirathi, ili kila mrithi apate fungu lake. Kumbe tangu mwanzo aljebra ilikuwa elimu ya kuhakikisha kwamba hakuna aliyesahauliwa.

Jina la kanuni lenyewe lilikuja baadaye sana. Mwanahisabati Mfaransa François-Joseph Servois ndiye aliyelibuni katika andiko lake la mwaka 1814, akitumia neno la Kifaransa lenye maana ya kugawia watu. Kanuni ilikuwa imefanya kazi masokoni na mashambani kwa maelfu ya miaka kabla ya kubatizwa. Hilo litukumbushe kwamba jina si sharti la kulijua jambo, ingawa jina baya laweza kuliharibu.

Nalisema hili kwa sababu kazi ya kulipa jina la Kiswahili ina hatari yake. Mfasiri wa haraka atatafsiri moja kwa moja na kutuletea 'kanuni ya kugawa'. Kwa msemaji wa Kiswahili kugawa na kugawanya ni ndugu wa karibu mno, na kugawanya ni tendo la kinyume cha kuzidisha. Mwanafunzi atakayeambiwa azidishe kwa kutumia kanuni ya kugawa atakuwa na haki ya kutupa daftari dirishani. Istilahi ya namna hiyo ni mtego uliotegwa na mwenye nyumba.

Lugha yetu ina neno bora. Kitenzi 'kuenea' kina maana ya kusambaa, lakini pia kina maana ya kutosha kwa wote. Wageni wakila na kila mmoja akapata, tunasema chakula kimewaenea. Asipopata mmoja, tunasema hakikuenea. Napendekeza basi kanuni hii iitwe kanuni ya kueneza: kizidishi kieneze kwa kila kipande kilicho ndani ya mabano. Mwanafunzi aliyeandika 3x + 5 hahitaji kuitwa mjinga wala kuchapwa. Mwalimu amwulize swali moja tu: je, tatu yako imeenea? Atalitazama jibu lake upya, naye atamwona tano aliyekaa na njaa.

Tukiyakubali haya, sera yetu ya lugha shuleni yapaswa kutazamwa kwa makini. Ripoti ya Ominde ya mwaka 1964 iliupa uzito ufundishaji kwa Kiingereza tangu darasa la kwanza. Ripoti ya Gachathi ya mwaka 1976 ikapendekeza lugha ya eneo itumike katika madarasa matatu ya mwanzo, kisha Kiingereza kishike usukani kuanzia la nne. Mfumo wa 8-4-4 ulioanza mwaka 1985 ulikifanya Kiswahili kuwa somo la lazima, nayo Katiba ya mwaka 2010 ikakifanya lugha rasmi sambamba na Kiingereza. Hata hivyo, mpaka wa darasa la nne umebaki pale pale katika mtaala mpya wa umilisi. Maana yake ni kwamba lugha anayoielewa mtoto humwaga mkono wa kwaheri miaka michache kabla ya x kuingia darasani. Tunamnyang'anya fimbo pale hasa njia inapoanza kuwa na utelezi.

Sisemi kwamba Kiingereza kitupwe. Mtihani umeandikwa kwa Kiingereza, vyuo vikuu hufundisha kwa Kiingereza, na mzazi wa Madogo anayemtaka mwanawe awe mhandisi au daktari ana sababu zake za kukitaka. Ninachosema ni kwamba kuna tofauti kati ya lugha ya kujibia na lugha ya kuelewea. Mwalimu anayeeleza kwa Kiswahili, akamwachia mtoto aseme kwa Kiorma au Kisomali, kisha akamfundisha jinsi ya kuliandika jambo lile lile kwa Kiingereza, hajavunja sheria ya elimu. Ameitimiza. Anayemwadhibu mtoto kwa kuwaza kwa lugha ya mama yake ndiye aliyeivunja.

Vyuo vya ualimu na viwafunze walimu wa hesabu kiasi kidogo cha isimu: upeo, uradidi, utata. Wahariri wa vitabu na waweke kila sura mpya ya aljebra pamoja na sentensi zake za Kiswahili, si kwa kutafsiri Kiingereza, bali kwa kuuliza jinsi wafanyabiashara na wakulima wanavyoisema hesabu hiyo. Wenzangu wa taaluma ya lugha na washuke kwenye madarasa ya hesabu, kwani tumekaa mno tukijadili ushairi na nahau huku istilahi za watoto wetu zikibuniwa na wasioijua sarufi.

Wahenga walituonya kwamba usipoziba ufa utajenga ukuta. Ufa wetu ni 3x + 5. Ni mwembamba, lakini kupitia humo wanaanguka watoto ambao wangeweza kupima mashamba, kujenga madaraja na kuyakinga makazi yao na mto. Nasi tunapopanga bajeti za elimu, walimu na vitabu kati ya Nairobi na kaunti zilizo mbali nayo, tujiulize swali lile lile tunalotaka mwalimu amwulize mtoto. Je, imeenea?